Jina Mwishoni mwa Filamu: Mwanamuziki wa Nyuma ya Pazia na Lugha Inayomtaja

Hadhira ya Mwika haina haja ya kuelezwa kwamba mlima ulio juu ya migomba yake ni mashuhuri katika sinema. Kilele cha Kibo, chenye mita 5,895, na kile cha Mawenzi, ambacho kutoka upande huu huonekana kwa karibu zaidi, vimetajwa na kuoneshwa katika filamu nyingi. Mwaka 1952 Hollywood ilitoa The Snows of Kilimanjaro, muziki wake ukiwa umetungwa na Bernard Herrmann. Mwaka 1962 ikafuata Hatari!, filamu ya Howard Hawks iliyopigwa Tanganyika, hasa katika maeneo ya Arusha na Momella, chini ya Mlima Meru, na iliyochukua jina lake moja kwa moja kutoka Kiswahili. Muziki wa filamu hiyo ulitungwa na Henry Mancini, na kipande chake kiitwacho "Baby Elephant Walk" kilimpatia tuzo ya Grammy ya mpangilio wa ala. Kwa maelezo ya Mancini mwenyewe, alipoanza kazi alikabidhiwa ala za muziki na sauti za nyimbo za Kimasai zilizorekodiwa huku, naye akazifanyia kazi. Jina la Mancini linasomeka wazi. Nani aliimba katika kanda zile, nani alitengeneza ala zile, mtazamaji haambiwi.

Mhadhara huu unamhusu mtu huyo asiyetajwa. Mwanamuziki wa nyuma ya pazia ni yule ambaye kazi yake husikika katika filamu au katika kipindi cha televisheni, ilhali mwenyewe haonekani. Yumo anayetunga, yumo anayepanga sauti, yumo anayepiga ala moja studioni kwa nusu saa kisha akaenda zake, na yumo yule ambaye wimbo wake wa zamani umeombwa ukapachikwa juu ya picha. Wataalamu wa muziki na wa sheria wamekwisha kumshughulikia. Wanaisimu wamemwacha, na hiyo ni kasoro, kwa sababu suala lake, kabla halijawa la fedha, huwa ni la lugha: yeye ataitwa nani, kazi yake itaitwaje, na lugha aliyoimbia itatajwa kwa jina gani. Katika mambo hayo matatu ndimo kazi ya maisha yake inamohifadhiwa au inamopotelea.

Kiswahili hakikosi maneno ya kumtaja. Malenga ni mtunzi wa mashairi aliyebobea. Manju ni bingwa wa kutunga na kuongoza nyimbo za ngoma. Mghani hutoa kwa sauti utungo ambao unaweza kuwa wake au wa mwingine. Tofauti hizi si za kamusi tu. Manju alijulikana kwa jina, akasifiwa, akashindanishwa na manju wa kundi la pili. Washairi wa tenzi nao walikuwa na desturi ya kutaja, katika beti za mwisho, jina la mtunzi na tarehe ya utungo. Mwana Kupona binti Mshamu alipoumaliza utendi wake mwaka 1275 Hijria, yaani 1858, hakumwacha msomaji akisie: alijitaja jina, akaitaja Pate alikozaliwa, na akaweka mwaka. Beti hizo za tamati zinafanya kazi ileile inayofanywa na majina yanayopita kwenye kioo filamu inapokwisha. Kwa hiyo anayedai kwamba desturi ya kumtaja mtunzi ililetwa kwetu na sinema hajazisoma tenzi.

Sinema ilikuja na neno lake jingine, ambalo limezoeleka kutafsiriwa kuwa "wimbo wa asili" au "wimbo wa jadi". Neno hilo lina matumizi yake ya halali. Zipo nyimbo ambazo mtunzi wake wa kwanza hawezi kupatikana tena, nazo ni mali ya jamii nzima. Lakini mara nyingi neno hilo huandikwa kumaanisha tu kwamba aliyerekodi hakuuliza.

Historia ya sinema katika nchi hii ina mfano wa mapema. Kati ya mwaka 1935 na 1937, mradi uliojulikana kama Bantu Educational Kinema Experiment uliweka kituo chake Vugiri, katika milima ya Usambara, ukatengeneza filamu fupi kuhusu kilimo, afya na mambo mengine ya maendeleo. Filamu zenyewe zilikuwa kimya. Sauti iliwekwa kwenye santuri zilizopigwa sambamba na picha, na maelezo yalitolewa kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine kadhaa za Afrika Mashariki na Kati. Kwa mwanaisimu huo ni mradi wa kuvutia mno, na inashangaza kwamba haujaandikiwa zaidi kwa Kiswahili. Viongozi wake, L. A. Notcutt na G. C. Latham, wanafahamika kwa kila anayeisoma historia hiyo, maana ndio walioandika kitabu chake. Waafrika waliotia sauti zao kwenye santuri zile hawafahamiki hivyo.

Mfano mwingine umo masikioni mwa Watanzania walio wengi, ingawa ni wa redio. Mlio wa ngoma uliotangulia taarifa ya habari ya Radio Tanzania Dar es Salaam, na ambao ulirithiwa na TBC, ni wa Mzee Morris Nyunyusa, mpiga ngoma asiyeona aliyekuwa na uwezo wa kupiga ngoma nyingi kwa wakati mmoja. Hapa jina lipo na wazee wanalijua. Hata hivyo, kwa kila mmoja anayeweza kulitaja, wapo wengi wanaoutambua mlio tangu pigo la kwanza na hawajapata kujiuliza ni mikono ya nani.

Msanii wa Afrika Mashariki ambaye maisha yake ya kazi yanayaonesha mambo yote matatu yaliyotajwa, yaani jina, kazi na lugha, ni Ayub Ogada wa Kenya. Alizaliwa Mombasa mwaka 1956, akaitwa Job Seda, wazazi wake wakiwa Wajaluo na wanamuziki. Sehemu ya utoto wake aliipitisha Marekani, ambako wazazi wake walikuwa wakionesha muziki wa kwao. Katika miaka ya 1970 alikuwa katika bendi ya Black Savage ya Nairobi, na bendi hiyo ndiyo iliyorekodi wimbo "Kothbiro" mwaka 1976. Mwaka 1979 alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa African Heritage Band, kundi lililokua chini ya jumba la sanaa la African Heritage jijini Nairobi.

Ala iliyomtambulisha ni nyatiti, zeze la Wajaluo lenye nyuzi nane. Mpigaji hukaa kwenye kigoda kifupi, ala ikiwa imelala ubavuni mwake. Vidole hukwanyua nyuzi, na kidole gumba cha mguu, kilichovishwa pete ya chuma, hugonga mbao ya ala ili kuweka mapigo. Mtu mmoja hivyo huwa mwimbaji, mpiga zeze na mpiga ngoma. Kwa mtengenezaji wa filamu hilo lina maana yake, kwani sauti ya mtu mmoja na ala moja huacha nafasi kwa picha, jambo ambalo bendi nzima haliwezi kwa urahisi.

Mwaka 1985 ilitoka Out of Africa, filamu ya Sydney Pollack iliyopigwa Kenya. Job Seda alikuwamo, akiigiza kama Kanuthia. Muziki wa filamu ulitungwa na Mwingereza John Barry, aliyepata tuzo ya Oscar kwa kazi hiyo, na kando ya okestra yake husikika Mozart. Hali hiyo inastahili kutazamwa kwa makini: mwanamuziki wa Kenya, aliyekwisha kurekodi na kuanzisha bendi, anaonekana mbele ya kamera katika filamu inayohusu Kenya, na sauti za ala zinazosikika kwa wingi ni za Ulaya. Hakuna aliyemdhulumu, alipewa nafasi ya uigizaji, akaigiza. Ila picha ilimchukua, muziki haukumhitaji.

Mwaka uliofuata, 1986, alihamia Uingereza. Alipiga nyatiti katika vituo vya treni za chini ya ardhi jijini London, wapita njia wakimtupia sarafu, hadi alipofikiwa na watu wa WOMAD na Real World, taasisi zinazohusishwa na Peter Gabriel. Mwaka 1993 Real World ilitoa albamu yake En Mana Kuoyo, ambamo "Kothbiro" ilirekodiwa upya, safari hii kwa nyatiti na sauti iliyotulia. Miaka 12 baadaye, mwaka 2005, mwongozaji wa Kibrazili Fernando Meirelles alitoa The Constant Gardener, filamu iliyotokana na riwaya ya John le Carré na kupigwa kwa sehemu kubwa nchini Kenya, Kibera ikiwamo. Mtunzi wa muziki wake alikuwa Mhispania Alberto Iglesias. Ndani yake zinasikika nyimbo za Ogada, "Dicholo" na "Kothbiro". Safari hii hakuonekana hata kidogo. Alisikika.

Kati ya filamu hizo mbili pana miaka 20, na pana tatizo la majina ambalo mtunza kumbukumbu yeyote atalikuta. Orodha ya mwaka 1985 inamtaja mwigizaji Job Seda. Ya mwaka 2005 inamtaja mwanamuziki Ayub Ogada. Anayefuata orodha pekee atahesabu watu wawili, mmoja aliyeigiza akanyamaza, mwingine aliyeimba bila kuwa na sura. Utamaduni wa kubadili jina ni wa kawaida Afrika Mashariki. Mtu ana jina la ubatizo, jina la ukoo, jina la jukwaani, na kila moja lina mahali pake. Makatalogi ya filamu hayana mahali pa utamaduni huo. Ni jukumu la wanaisimu wanaoshughulika na majina ya watu kuwaunganisha wawili hawa, na kazi hiyo haihitaji nadharia mpya.

Namna wimbo unavyoingia katika filamu nayo inahitaji maelezo, maana wanafunzi wengi hudhani kwamba hununuliwa kama gunia la mahindi. Wimbo uliokwisha kurekodiwa una haki mbili: ya utunzi, yaani maneno na sauti yake, na ya kurekodi, yaani kanda yenyewe. Mtengenezaji wa filamu huomba ruhusa kwa wenye haki zote mbili, na wenyewe wanaweza kuwa watu tofauti. Kisha filamu inapooneshwa kwenye televisheni, huambatana na karatasi inayoorodhesha kila kipande cha muziki: jina lake, mtunzi, na muda wake kwa dakika na sekunde. Vyama vya hakimiliki hulipa kwa kuifuata karatasi hiyo. Penye jina la mtunzi pakiandikwa "jadi", kwa kawaida hapana wa kulipwa. Neno moja la lugha, lililoandikwa na karani aliyekuwa na haraka, linaweza kumnyima mtu kipato kwa miaka mingi. Iglesias aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar kwa muziki wake wa The Constant Gardener, na alistahili. Tuzo hiyo hutolewa kwa muziki uliotungwa mahususi kwa filamu, hivyo wimbo wa mwaka 1976 hauingii katika mizani yake, hata kama ndio uliobaki kichwani mwa mtazamaji anapotoka ukumbini.

Lugha ya wimbo huo ndiyo sehemu yenye utajiri zaidi. Jina "Kothbiro" limeandikwa kama neno moja, lakini ndani yake mna mawili ya Kijaluo: koth, mvua, na biro, inakuja. Maneno ya wimbo ni ya nyumbani kabisa. Mtu anaita, anaonya kwamba mvua inakuja, anataka ng'ombe warudishwe boma. Katika filamu, wimbo huo umewekwa mwishoni, baada ya vifo, na mtazamaji asiyejua Kijaluo huupokea kama maombolezo kwa kuwa picha zimemwelekeza huko. Mtazamaji wa Kisumu husikia jambo jingine: jioni, wingu, na kazi ambayo haijakamilika. Je, mwongozaji alikosea? Hapana. Sauti ile ina huzuni ambayo haikuwekwa na mwongozaji, na mvua inayokuja kabla mifugo haijarudi si habari ya furaha tupu hata kwa mfugaji. Kilichopotea ni kwamba kwa watazamaji wengi wa dunia maneno yaliacha kuwa maneno, yakawa mlio wa "Afrika", usio na kabila wala sarufi. Hatari hiyo humkabili kila mwanamuziki anayeimba kwa lugha ndogo nyuma ya picha ya lugha kubwa. Kiswahili chenyewe hakikuikwepa. Tangu The Lion King ya mwaka 1994, "hakuna matata" hutamkwa na watoto wasiojua kwamba hayo ni maneno mawili, na wachache miongoni mwao wangeshuku kwamba jina Pumbaa ni kitenzi.

Wimbo huo uliendelea na safari yake. Mwaka 2018 rekodi ya Black Savage ilitumiwa na Kanye West katika wimbo "Yikes", na katika orodha ya watunzi yakaandikwa majina ya James Mbarack Achieng na Ayub Ogada. Bendi ya Nairobi ya mwaka 1976, iliyokuwa imekwisha kusahaulika na wengi, ilirudi kusomwa kwa sababu karatasi ilitaja watu badala ya jadi. Ogada alikuwa amekwisha kurejea Kenya na kuishi Nyahera, karibu na Kisumu. Alifariki dunia tarehe 1 Februari 2019.

Pembeni yake anafaa kuwekwa Geoffrey Oryema wa Uganda, kwa upande wa televisheni. Oryema alizaliwa Soroti mwaka 1953. Baba yake, Erinayo Wilson Oryema, aliyekuwa waziri, aliuawa Februari 1977 chini ya utawala wa Idi Amin, siku ileile aliyouawa Askofu Mkuu Janani Luwum. Kijana alitoroshwa mpakani akiwa amefichwa ndani ya buti la gari, akafika Ufaransa. Albamu yake ya kwanza, Exile ya mwaka 1990, ina nyimbo za Kiacholi na za Kiswahili. Wimbo wake "Lé Yé Yé" ulifanywa utambulisho wa Le Cercle de minuit, kipindi cha mazungumzo ya utamaduni kilichorushwa usiku na France 2 katika miaka ya 1990. Alishiriki pia katika muziki wa filamu ya Kifaransa Un Indien dans la ville ya mwaka 1994, pamoja na Manu Katché. Kwa miaka, basi, Wafaransa waliokesha mbele ya televisheni walikaribishwa na sauti ya mkimbizi kutoka Uganda. Wimbo wa kufungulia kipindi una tabia ya ajabu: husikika mara nyingi kuliko wimbo wowote wa redioni, na husikilizwa kwa makini kidogo kuliko wote. Alifariki Ufaransa Juni 2018, mwaka mmoja na nusu hivi baada ya kuimba tena katika nchi aliyoikimbia.

Mambo huharibika namna gani pale jina linapotenganishwa na wimbo, mfano unaojulikana zaidi ni wa Afrika Kusini. Solomon Linda alirekodi "Mbube" mwaka 1939, akalipwa kiasi kidogo sana, akafa mwaka 1962. Wimbo wake, ukiwa umegeuzwa maneno na jina, uliingia katika The Lion King. Kesi ya warithi wake dhidi ya Disney ilifunguliwa mwaka 2004 na kumalizwa kwa makubaliano mwaka 2006. Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999, na COSOTA ilianzishwa chini yake. Sheria hiyo inalinda kazi za watunzi na pia sanaa za jadi. Hakuna sheria, hata hivyo, inayoweza kumjua mtunzi ambaye jina lake halikuandikwa siku ya kurekodi. Asiyekuwapo na lake halipo.

Siku ya kurekodi huku Kilimanjaro haiko mbali. Tangu televisheni ianze kurushwa Tanzania Bara mwaka 1994, na hasa baada ya kamera za video kuwa nafuu, kwaya za makanisa ya mlimani zimerekodi kwa wingi, na harusi na mazishi hupigwa picha kama jambo la kawaida. Matarumbeta yapo, kinanda kipo, na yupo kijana wa studio ambaye kwa kinanda kimoja hutengeneza gitaa, besi na ngoma za kwaya nzima kwa usiku mmoja. Mwishoni mwa video hupita majina ya mwenyekiti wa kwaya, mchungaji, mfadhili na mpiga picha. Kijana wa kinanda mara nyingi hamo. Naye huyo, kwa maana halisi ya neno, ni mwanamuziki wa filamu.

Penye wimbo wa lugha ya nyumbani, huandikwa "wimbo wa asili wa Kichaga". Maneno matano hayo yanafuta mambo mawili kwa mpigo. Kwanza, yanamfuta mtunzi, ambaye pengine ni bibi aliyeketi safu ya tatu siku hiyohiyo. Pili, yanaifuta lugha. Derek Nurse alikwisha kuonesha katika utafiti wake wa mwaka 1979 kwamba kinachoitwa Kichaga ni mfululizo wa lugha na lahaja, na kwamba msemaji wa Machame na yule wa Rombo hawawezi kuhesabiwa kuwa na usemi mmoja. Usemi wa Mwika huwekwa pamoja na Kivunjo, na wenyeji wake wana la kusema hata kuhusu hilo. Anayeandika "Kimwika" mwishoni mwa video ya dakika tano ameacha ushahidi ambao mtafiti wa mwaka 2060 atautafuta kwa taa: wimbo huu, kwa usemi huu, ulitoka kinywani mwa fulani binti fulani, wa kijiji hiki, mwaka huu.

Istilahi za kazi hiyo zimekwisha kuwapo. Mtunzi ni aliyetunga maneno na sauti. Mpangaji ni aliyegawa sauti na ala. Mpigaji hutajwa pamoja na ala yake, na mwimbaji pamoja na sehemu yake. Pale ambapo mtunzi ametafutwa kwa wazee na hakupatikana, huandikwa hivyo: mtunzi hajulikani, wimbo umepokewa kutoka kwa fulani. "Umepokewa kutoka kwa" ni kirefu kuliko "wa asili", nacho huhitaji sekunde mbili zaidi kwenye kioo.